Amri ya Korti ya Kuzuia: Inalinda Nini, na kwa Muda Gani?

Maneno yaliyosomwa mbele ya mkutano wa wanachama wa tawi



Halmashauri ya tawi ilitutaka tuseme leo juu ya jambo ambalo wanachama huliuliza mara nyingi ofisini. Jambo lenyewe ni hili: mtu akiambiwa atoke katika nyumba au katika ploti, naye anaona ana haki ya kukaa pale, afanye nini kabla kesi haijasikilizwa? Na ile karatasi ya korti inayoitwa amri ya kuzuia, inamlinda kwa kadiri gani?

Sisi si mawakili. Sisi ni watu wa reli, na wengi wetu tulisoma katika shule za misheni, tukafundishwa kusoma, kuandika na kuhesabu. Lakini sheria za Kenya zimepigwa chapa, na hukumu za korti husomwa mbele ya watu wote. Mtu ajuaye kusoma ratiba ya treni aweza kuzisoma pia, akiwa na subira. Tulisoma, tukauliza wanaojua, na haya ndiyo tuliyoyapata.

MASWALI MAWILI

Katika kila ugomvi wa nyumba au ardhi kuna maswali mawili, nayo si mamoja. La kwanza: mali hii ni ya nani? La pili: nani akae hapa leo, wakati lile la kwanza linachunguzwa? Watu wengi huyachanganya, na hapo ndipo hasara inapoanza.

Swali la kwanza huchukua muda. Hati lazima zitazamwe, mashahidi waitwe, ramani ziletwe, na pengine mpimaji aende kukagua mpaka. Kesi ya namna hiyo yaweza kukaa miaka. Sasa, ikiwa katika miaka hiyo upande mmoja waweza kuleta tingatinga na kubomoa, au kuuza ploti kwa mtu wa tatu, hukumu itakapokuja itakuwa ya bure. Mtu atashinda kesi, lakini nyumba haipo tena, na watoto walikwisha kutawanyika.

Kwa sababu hiyo sheria imempa hakimu uwezo wa kujibu swali la pili kwanza, kwa muda tu. Amri ya kuzuia haisemi mali ni ya nani. Inasema: kila kitu kibaki kama kilivyo mpaka tusikilize pande zote mbili. Sisi wa reli twalielewa jambo hili upesi. Bendera nyekundu ikiinuliwa, dereva husimamisha treni. Bendera haisemi ya kuwa njia ni mali ya aliyeishika, wala haisemi treni haitapita kamwe. Inasema: simama, kwanza njia itazamwe.

Basi mwanachama aliyepata amri hii, akarudi nyumbani kufanya karamu akidhani ameshinda kesi, hajaielewa karatasi yake. Naye anayeichukua karatasi hiyo na kuitupa sandukuni, asiifuate tena, hajaielewa vile vile.

HAKIMU HUTAZAMA NINI

Hakimu hatoi amri kwa huruma peke yake. Mwaka 1973 Korti ya Rufani ya Afrika ya Mashariki iliamua kesi ya Giella na kampuni ya Cassman Brown, na mpaka leo mahakimu wa Kenya hufuata mambo matatu yaliyowekwa pale.

Kwanza, mwombaji aonyeshe ya kuwa ana kesi ya kweli, yenye dalili ya kushinda. Halazimiki kuithibitisha yote siku hiyo, lakini lazima awe na kitu mkononi: mkataba, risiti, barua, hati.

Pili, aonyeshe ya kuwa akikosa amri atapata hasara ambayo fedha haziwezi kuilipa sawasawa. Deni la shilingi hulipwa kwa shilingi. Lakini jamaa ya watu sita kulala nje mwezi wa mvua, au mzee kung'olewa mahali alipoishi miaka 30, hilo si jambo la kulipwa kwa hundi.

Tatu, hakimu akiwa bado na shaka, hupima: nani ataumia zaidi, huyu nikimnyima amri, au yule nikimzuia?

Twawaomba muyashike haya matatu. Mwanachama akija ofisini na kusema tu, "Nimeonewa," hatuwezi kumsaidia sana. Akija na karatasi zake, na akaweza kueleza hasara itakayompata, wakili ana pa kuanzia.

HABARI YA MUTHURWA

Tutoe mfano ambao kila mtu wa reli Nairobi ameusikia. Sisi hatukuwa wapangaji katika kesi hiyo. Twaeleza yaliyo katika hukumu.

Nyumba za Muthurwa zilijengwa kuwakalisha wafanyakazi wa reli. Katika mwaka 2006 mali hiyo iliwekwa chini ya mfuko wa malipo ya uzeeni wa wafanyakazi wa Shirika la Reli, ili mfuko uweze kuwalipa wastaafu. Mwaka 2010 wapangaji, na wengine wao wenyewe wastaafu wa reli, walipewa notisi ya kutoka katika siku 90. Walilalamika ya kuwa maji yalikatwa, na vyoo na mabafu yakaanza kubomolewa wao wakiwa bado ndani. Basi wakaenda Korti Kuu na ombi namba 65 la mwaka 2010.

Tarehe 17 Februari 2011 Jaji Musinga alitoa amri ya kuwalinda wasitolewe mpaka ombi lao lisikilizwe. Hukumu yenyewe ilitolewa na Jaji Lenaola mwezi wa Agosti 2013. Hesabuni wenyewe: miaka miwili na nusu. Ingekuwa si ile amri ya muda, hukumu ya 2013 ingewakuta watu wale wametawanyika.

Na hukumu ilisema nini? Ilisema ya kuwa haki zao za makao na za usafi, zilizoandikwa katika kifungu cha 43 cha Katiba ya 2010, zilivunjwa kwa namna ile waliyotendewa. Lakini haikusema nyumba sasa ni zao. Iliagiza pande zote zikutane na kupanga namna ya kuwahamisha kwa utaratibu wa haki. Mwenye mali alibaki mwenye mali. Alichokatazwa ni kuwatoa watu kama takataka.

Tena lipo jambo hapa linalotugusa sisi zaidi ya wengine. Upande mmoja walikuwa wastaafu wanaokaa katika nyumba. Upande wa pili ulikuwa mfuko unaotakiwa kuwalipa wastaafu wengine posho zao za uzeeni. Mfanyakazi mzee huku, mfanyakazi mzee kule. Kwa hiyo tusiseme ovyo ya kuwa kila mwenye nyumba ni mwovu na kila mpangaji ni mnyonge. Korti haikusema hivyo. Ilisema kuna njia ya kutoka, na njia hiyo lazima iwe ya kibinadamu.

HABARI YA MITUMBA

Sasa twawapeni mfano wa pili, ambao ni wa uchungu.

Karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, Nairobi, palikuwa na kijiji kilichoitwa Mitumba, cha nyumba zaidi ya 3,000, tena chenye shule yake. Mwezi wa Septemba 2011 ilitolewa notisi katika magazeti, ikiwapa wakaaji siku 7 tu. Wakaaji walikimbilia Korti Kuu, na tarehe 22 mwezi ule ule walipewa amri ya kuzuia. Walifanya kila jambo ambalo sheria yawataka wafanye. Hata hivyo, tarehe 19 Novemba 2011 kijiji kilibomolewa, amri ikiwa bado hai.

Korti Kuu iliwapa haki mwaka 2013. Korti ya Rufani ikaipindua hukumu hiyo mwaka 2016. Ndipo Korti ya Upeo, tarehe 11 Januari 2021, ikasema neno ambalo sasa linafungua macho ya wengi: watu wasio na ardhi wakikaa katika ardhi ya umma na kujenga makao yao pale, hawapati hati ya ardhi, lakini wanapata haki ya makao inayoweza kulindwa na korti. Kesi ikarudishwa Korti Kuu ili itazamwe walipwe au wafanyiwe nini.

Miaka zaidi ya 9 tangu siku ya tingatinga! Kuna waliokufa wakingoja, na watoto waliokuwa darasa la kwanza walikwisha kuwa vijana. Tunasema haya ili mtu asidhani karatasi ya korti ni ukuta wa mawe. Karatasi yataka watu wanaoijua, wanaoisimamia, na wanaopiga mbio kumwonyesha kila askari na kila ofisa kabla ya siku mbaya kufika. Nayo sheria si bila meno. Chini ya kanuni za kesi za madai, anayevunja amri ya kuzuia aweza kufungwa hata miezi 6, na mali yake kushikwa. Katika Korti ya Mazingira na Ardhi, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2011, anayekataa kutii amri aweza kutozwa faini mpaka shilingi milioni 20, au kifungo kisichozidi miaka 2, au yote mawili.

SAA YA AMRI

Jambo ambalo watu wengi hawalijui ni ya kuwa amri hii ina saa yake. Andikeni tarakimu hizi.

Hakimu akitoa amri kabla ya kumsikia mwenzako, kwa sababu ya haraka, amri hiyo haipiti siku 14. Yaweza kuongezwa mara moja tu, kwa siku zisizozidi 14 nyingine.

Aliyeipata ana siku 3 za kumfikishia mwenzake amri, pamoja na ombi na karatasi za madai. Asipofanya hivyo, amri hufa yenyewe, bila mtu kuiua.

Ombi lenyewe yapasa lisikilizwe katika siku 60 tangu lilipoandikishwa, ila korti ikiwa na sababu ya kuongeza.

Na hata baada ya pande zote kusikilizwa, kesi ikikaa miezi 12 bila kukatwa, amri huanguka, isipokuwa korti imeona sababu ya kutosha na kuagiza vingine.

Hizo ni kanuni za kesi za madai za mwaka 2010, amri ya 40. Mwenye kulala atajikuta hana amri, naye bado ana karatasi iliyopigwa muhuri. Wahenga walisema, ngoja ngoja huumiza matumbo.

NOTISI YA HAKI NI IPI?

Mtu hawezi kujua kama ameonewa asipojua notisi ya haki. Hapa lazima tuwagawe watu.

Mpangaji wa kodi ya kila mwezi, asiye na mkataba wa miaka, yafaa apewe notisi isiyopungua mwezi mmoja. Hiyo ni Sheria ya Ardhi ya 2012. Nyumba za kukaa zenye kodi isiyozidi shilingi 2,500 kwa mwezi zina sheria yake na baraza lake la kodi. Akina mama wenye vibanda na hoteli ndogo wana sheria nyingine ya maduka, na notisi yao haipungui miezi 2. Ugomvi wao huenda kwa baraza la kodi za biashara.

Mtu anayesemekana amekaa katika ardhi ya mwingine bila ruhusa, yeye naye hatolewi usiku mmoja. Tangu mageuzi ya sheria ya mwaka 2016, mwenye ardhi ampe notisi ya maandishi ya miezi 3 au zaidi. Ikiwa ni watu wengi, notisi itangazwe katika magazeti mawili au zaidi ya nchi nzima na kubandikwa mahali pasipopungua patano. Mwenye kupewa notisi aweza kwenda kortini kuomba nafuu. Na siku ya kutolewa ikifika, wanaotoa waonyeshe ni nani na wana idhini gani, wasidharau utu wa watu, wawaangalie hasa watoto, wazee na wagonjwa, na wenye nyumba wapewe nafasi ya kwanza ya kubomoa wenyewe na kuokoa mabati na mbao zao.

Kwa hiyo akija mtu alfajiri kung'oa mlango bila karatasi, msipigane naye. Muulizeni: jina lako nani, umetumwa na nani, amri yako iko wapi? Andikeni, pigeni picha, kimbieni kwa polisi na kwa wakili. Ngumi moja yaweza kukugeuza kutoka mlalamikaji ukawa mshtakiwa.

AMRI IKILETWA JUU YETU

Silaha hii hukata pande zote mbili. Mwanachama aweza kununua ploti kwa akiba ya miaka 10, akaanza kuchimba msingi, akaletewa amri ya kumzuia, kwa sababu ploti iliuzwa mara mbili. Afanye nini?

Kwanza, aache kuchimba siku hiyo hiyo. Asiseme, "Ploti ni yangu, karatasi hii ya nini?" Amri ya korti hutiiwa hata na anayeona ni ya makosa, mpaka iondolewe. Pili, aende upesi kuijibu, maana sheria inamruhusu kuomba amri ifutwe au ibadilishwe. Tatu, aulize kama aliyeipata aliahidi kulipa hasara iwapo itaonekana baadaye ya kuwa hakustahili. Hakimu ana uwezo wa kudai ahadi hiyo.

MAMBO YA KUFANYA KABLA YA MATATA

Ndugu, usipoziba ufa utajenga ukuta. Twawapeni mashauri matano.

Moja: kila risiti ya kodi iwekwe. Anayelipa kwa simu aweke ule ujumbe wa malipo, asiufute. Anayelipa mkononi adai risiti, hata mwenye nyumba akiwa ni jamaa yake.

Mbili: wakati wa ugomvi usiache kulipa kodi. Mwenye nyumba akiikataa, mwambie wakili aiombe korti au baraza ipokewe huko. Anayekwenda kwa hakimu aende na mikono safi.

Tatu: notisi ikija, iandike tarehe uliyoipokea, na uilete ofisini katika siku mbili. Usiifiche ndani ya godoro ukitumaini itapotea. Hakimu wa kwanza kuulizwa akiwa na siku 80 mbele yake ataona mtu wa bidii. Akiulizwa jioni ya siku ya mwisho, atauliza ulikuwa wapi.

Nne: wakaaji wa mahali pamoja waende pamoja. Katiba, kifungu cha 22, inamruhusu mtu kwenda kortini kwa niaba ya kikundi, na chama kwa niaba ya wanachama wake. Tena kesi ya kudai haki za Katiba haitozwi ada ya kuifungua. Na asiye na fedha za wakili aulize msaada wa sheria wa Serikali, uliowekwa kwa sheria ya mwaka 2016.

Tano: wenye nyumba za kazi wasingoje siku ya kustaafu. Nyumba iliyokuja pamoja na kazi yaweza kuondoka pamoja na kazi. Someni mkataba sasa, mkiwa bado na nguvu na mshahara. Amri ya korti yaweza kumpa mzee muda wa kutoka kwa heshima. Haiwezi kumjengea nyumba.

NENO LA MWISHO

Twapendekeza kwa halmashauri jambo moja ambalo halina gharama kubwa. Tawi lifungue daftari la notisi. Kila notisi ya kutoka inayomfikia mwanachama iandikwe pale: tarehe, nani ameitoa, siku ngapi, na tarehe ya mwisho. Amri ikipatikana, iandikwe pia siku ya 3, ya 14, na mwezi wa 12. Mtu mmoja apewe kazi ya kulitazama kila Jumatatu. Sisi ambao kazi yetu ni kuangalia saa, tusishindwe kuziangalia saa za nyumba zetu wenyewe.

Amri ya kuzuia si ushindi. Ni muda. Wale wa Muthurwa walipewa muda, nao wakautumia. Wale wa Mitumba walipewa muda, nao wakanyang'anywa. Kazi ya chama ni kuona ya kuwa mwanachama anayepewa muda haupotezi kwa kutojua, na ya kuwa anayenyang'anywa hayuko peke yake siku hiyo.

Bwana Mwenyekiti, tumemaliza. Aliye na notisi mfukoni leo, aje mezani kwa Katibu kabla hajatoka mlangoni.